Kuhamisha kesi ya jinai kwa nafuu ya mlalamishi: maana yake nini?

Tuseme mfanyabiashara wa Voi, kusini-mashariki mwa Kenya, alikwenda Eldoret, magharibi mwa nchi, kununua bidhaa, akanyang'anywa mkoba. Washukiwa wakakamatwa na kushtakiwa hukohuko Eldoret. Sasa kila tarehe ya kesi mama huyu anapanda basi la usiku, anabadilisha Nairobi, na akifika kortini anaambiwa wakili wa mshtakiwa anaugua, kesi imeahirishwa. Safari ya tatu anauliza: kwani kesi hii haiwezi kuletwa Voi?

Sheria inaruhusu. Kupata ruhusa yenyewe ndiyo kazi.

Kuhamisha kesi ni kuiondoa kwenye mahakama iliyoipokea na kuipeleka nyingine yenye mamlaka ya kuisikiza. Kwa kawaida kosa husikizwa karibu na lilikotendeka, kwa kuwa ndiko polisi walikopeleleza na ndiko mashahidi wengi waliko. Nchini Kenya, kifungu cha 81 cha Sheria ya Mwenendo wa Kesi za Jinai (Sura ya 75) kinaipa Mahakama Kuu uwezo wa kubadilisha mahali hapo kwa sababu kadhaa. Inayojulikana zaidi ni hofu kwamba haki haitatendeka kesi ikibaki ilipo. Inayomhusu mama wa Voi ni nyingine: kwamba uhamisho utaleta nafuu ya jumla kwa wahusika au mashahidi. Maneno haya ni ya zamani. Yalikuwemo kwenye sheria ya jinai ya India ya 1898, na Tanzania pia inayo.

Neno la kushikilia hapo ni "jumla". Jaji hapimi nauli ya mtu mmoja. Kama polisi waliokamata, daktari aliyejaza fomu ya P3 (fomu ya polisi ya kuthibitisha majeraha) na muuza duka aliyeshuhudia wote wako Eldoret, kumpunguzia mama safari ni kuwapandisha basi watu wengine wanne. Naye mshtakiwa ana mashahidi wake, ana wakili wake, na Katiba inamhesabu kuwa hana hatia hadi atakapopatikana nayo. Kwa maoni yangu kupima hivyo ni sawa, ingawa najua kunauma ukiwa wewe ndiwe uliyeibiwa.

Kuna jambo jingine ambalo walalamishi wengi huligundua wakiwa wamechelewa: kesi ya jinai si yao. Husomwa "Jamhuri dhidi ya fulani", na mlalamishi kimsingi ni shahidi. Ombi huwa na nguvu zaidi likipitia kwa Mkurugenzi wa Mashtaka ya Umma, ambaye hata hahitaji kuambatisha hati ya kiapo kama waombaji wengine. Hata hivyo, sheria inamsikiliza pia "mhusika mwenye maslahi", na tangu Sheria ya Kulinda Waathiriwa ya 2014 mwathiriwa ana haki ya kutoa maoni yake kortini.

Wakati nao una uzito. Kesi ikihamishwa baada ya mashahidi kuanza kusikizwa, hakimu mpya ndiye atakayeendelea nayo, na mshtakiwa ana haki ya kudai mashahidi waitwe upya. Mama aliyetaka kupumzishwa anaweza kujikuta akisimulia tena wizi uleule, na kuhojiwa tena.

Nafuu isichanganywe na hofu. Mwaka 2018, kesi ya mauaji ya mtoto wa miaka 8 huko Kathua, kaskazini mwa India, ilihamishwa na Mahakama ya Juu ya nchi hiyo hadi Pathankot, katika jimbo jirani la Punjab. Aliyeomba ni baba wa mtoto, na mawakili wa Kathua walikuwa wamejaribu kuwazuia polisi kuwasilisha mashtaka. Baba alitaka ipelekwe mji wa Chandigarh. Mahakama ikachagua mji ulio karibu zaidi. Sababu ya namna hiyo, yaani hofu ya kukosa haki, humgusa jaji kuliko urefu wa barabara.

Kwa hiyo mama wa Voi aanzie kwa kiongozi wa mashtaka, akiwa na tiketi zake zote za basi. Aulize kwanza kama tarehe ijayo ni ya kusikizwa au ya kutajwa tu (ya kupanga hatua zinazofuata), kwa sababu tarehe ya kutajwa kwa kawaida haimhitaji shahidi. Kisha aulize kama anaweza kutoa ushahidi kwa njia ya video. Mara nyingi hiyo hupatikana upesi kuliko amri ya kuhamisha kesi nzima.