Je, wajua kwa nini Ufaransa haina tume ya kuendesha uchaguzi?

Vituo vya mwisho vya kupigia kura mjini Paris hufungwa saa mbili usiku siku ya uchaguzi wa rais, na hakuna mwenyekiti wa tume anayengojewa atoke kutangaza mshindi. Ufaransa haina tume ya taifa ya kuendesha uchaguzi. Vituo huandaliwa na halmashauri za miji na vijiji, Wizara ya Mambo ya Ndani huratibu na kujumlisha, kisha Baraza la Katiba hutangaza rasmi matokeo ya urais.

Msomaji wa Dar es Salaam au Nairobi atashangaa: wizara ya serikali iliyo madarakani ishike uchaguzi, na wapinzani wakubali?

Jibu liko pale pale kituoni. Kituo kikifungwa, sanduku hufunguliwa mbele ya umma na bahasha huhesabiwa kwanza, zikalinganishwa na idadi ya waliotia saini daftarini. Kisha hufungwa mia mia na kugawiwa mezani. Kila meza huwa na wahesabuji wasiopungua wanne, wanaoteuliwa na mawakala wa wagombea au kuchukuliwa miongoni mwa wapiga kura waliopo. Mmoja hutoa karatasi kwenye bahasha na kuikunjua, wa pili huisoma kwa sauti, na wawili huandika alama, kila mmoja kwenye karatasi yake. Alama za hao wawili zikipishana, hurudia. Mwananchi yeyote aliyejiandikisha kituoni hapo anaweza kusimama akatazama mwanzo hadi mwisho. Wizara haina nafasi kubwa ya kupika namba ambazo maelfu ya watu wameshaziona zikiandikwa.

Huo ndio mfumo wa kiserikali, mmoja kati ya mitatu inayojulikana. Wa pili ni wa tume huru, ambao nchi nyingi za Afrika zimeuchagua. Wa tatu ni mchanganyiko: serikali inafanya kazi ya mikono na chombo kingine kinaisimamia. Hispania ni mfano wake. Wizara huandaa uchaguzi, lakini juu yake kuna bodi ya watu 13, wanane kati yao majaji wa Mahakama ya Juu waliopatikana kwa kura ya bahati nasibu.

Mfumo wa tume huru mara nyingi huzaliwa pale serikali inapokuwa imeshapoteza imani ya watu. Kosta Rika ni kisa kinachostahili kujulikana zaidi huku kwetu. Mwaka 1948 Bunge la huko lilifuta matokeo ya urais, vita ya wenyewe kwa wenyewe ikazuka, na katiba ya 1949 ikaunda Mahakama Kuu ya Uchaguzi kama chombo kinachojitegemea. Rais hateui mahakimu wake. Huchaguliwa na Mahakama ya Juu kwa theluthi mbili ya kura. Kwa kawaida ni watatu, lakini mwaka mmoja kabla ya uchaguzi mkuu huongezwa wawili, na hao hubaki hadi miezi sita baada yake. Chombo hicho ndicho huandikisha vizazi na vifo na kutoa vitambulisho, kwa hiyo daftari la wapiga kura husafishwa kila siku, bila kusubiri zoezi la miezi michache kabla ya kura. Katika kipindi cha uchaguzi kinaweza hata kuliamuru jeshi la polisi.

Nionavyo, kosa letu kubwa ni kutazama makao makuu ya tume na kuisahau mikono ya chini. Tume haihesabu kura. Wanaohesabu ni makarani na wasimamizi. Swali ni hili: mtu huyo kesho atarudi kazini kwa nani?

Uhindi ililiona hilo mapema. Tume yake ya mwaka 1950 ina watumishi wa kudumu wachache mno kwa uchaguzi kama wa 2024, wenye vituo zaidi ya milioni moja, hivyo huazima walimu, makarani na wakuu wa wilaya. Sheria inatamka kwamba tangu uchaguzi unapotangazwa rasmi hadi matokeo, watumishi hao wako chini ya nidhamu ya Tume, wala si ya serikali inayowalipa. Tume inaweza kumhamisha ofisa wa polisi katikati ya kampeni, na imeshafanya hivyo mara nyingi.

Tanzania swali hilo lilifika mahakamani. Wakurugenzi wa halmashauri, ambao ni wateule wa Rais, kisheria ndio walikuwa wasimamizi wa uchaguzi majimboni. Mei 2019 Mahakama Kuu ilisema jambo hilo linakiuka Katiba. Oktoba mwaka huo huo Mahakama ya Rufani ikaitengua hukumu hiyo. Meksiko ilikata mzizi wa fitina kwa njia nyingine: wanaoketi kituoni ni wananchi wa kawaida wa mtaa huo, waliopatikana kwa bahati nasibu ya mwezi wa kuzaliwa na herufi ya jina la ukoo, kisha wakafundishwa kazi.

Uteuzi wa makamishna nao una mitego yake. Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo ilitaka kila upande uwe ndani: sheria ya 2021 inaipa tume, CENI, watu 15, yaani sita wa walio wengi bungeni, wanne wa upinzani na watano wa asasi za kiraia, huku mwenyekiti akitoka kwa madhehebu ya dini. Madhehebu hayo yalitakiwa kukubaliana. Hayakuweza. Wakatoliki na Waprotestanti walimpinga Denis Kadima, aliyependekezwa kuwa mwenyekiti, na akaidhinishwa hivyo hivyo.

Kenya imebadilisha karibu kila kitu tangu machafuko ya 2007. Tume ya zamani ilivunjwa, tume ya sasa, IEBC, ikaundwa 2011, na makamishna hupatikana kupitia jopo la usaili na idhini ya Bunge, kwa muhula mmoja wa miaka sita. Jambo lililosaidia zaidi, hata hivyo, ni karatasi: Fomu 34A, inayojazwa kituoni, kutiwa saini na mawakala na kubandikwa mlangoni. Mwaka 2017 Mahakama ya Juu ilifuta uchaguzi wa urais, na moja ya sababu ni kwamba matokeo yalitangazwa kabla fomu zote kufika. Mwaka 2022 fomu za vituo zaidi ya 46,000 ziliwekwa kwenye tovuti, kila mtu ajumlishe mwenyewe. Makamishna wanne kati ya saba walipoyakana matokeo, mahakama ilikuwa na fomu za kukagua.

Ila sheria haikujibu kitu kimoja: viti vikibaki wazi, nani afanye kazi? Makamishna wa mwisho waliokuwa bado kazini waliondoka Januari 2023, na wapya wakaapishwa Julai 2025. Katikati hapo hapakuwa na mwenye mamlaka ya kuitisha uchaguzi mdogo. Mbunge wa Banissa, kaunti ya Mandera, alifariki Machi 2023. Wapiga kura wake walirudi kituoni tarehe 27 Novemba 2025.