Kuchoma takataka ili kufua umeme: yanayosemwa Bukavu na yaliyo kweli

Kila mara chupa za plastiki zinapolizonga bwawa la Ruzizi na umeme ukakatika Bukavu, husikika watu wakisema kwamba takataka hizo hizo zingechomwa, zingetupatia mwanga. Wazo hilo si la kupuuzwa, kwa kuwa mitambo ya namna hiyo ipo. Hata Afrika, mtambo wa Reppie ulizinduliwa mwaka 2018 mjini Addis Ababa, kando ya jaa la Koshe. Hata hivyo, wazo hilo limebeba dhana zinazostahili kupimwa.

Dhana: Kila takataka inayoshika moto inafaa.

Ukweli: Kushika moto hakutoshi. Joto lazima lichemshe maji hadi yawe mvuke wenye nguvu ya kuzungusha turbini, yaani gurudumu linaloendesha jenereta, na kwa hiyo wataalamu hutaka kila kilo ya takataka itoe joto la megajuli 7 (megajuli ni kipimo cha nishati) kwa wastani wa mwaka mzima, bila kushuka chini ya 6 katika majira yoyote. Sasa tutazame kinachotoka katika soko la Kadutu na katika nyumba zetu: maganda ya ndizi na mihogo, mabua ya sombe, udongo, majivu ya makala, vyote vikinyeshewa tangu Septemba hadi Mei. Aliyewahi kupikia kuni mbichi anajua moto unavyohangaika kukausha kwanza kabla ya kupasha sufuria. Mali ya namna hiyo, kwa maoni yangu, inafaa zaidi kuwa mboji ya mashamba kuliko kuwa chakula cha tanuru.

Dhana: Mtambo mmoja ungemaliza giza la mji.

Ukweli: Tani moja ya takataka zinazowaka vizuri hutoa takriban kilowati-saa 500. Tuseme mji unakusanya na kupeleka tani 300 kila siku, bila kukosa hata siku moja: tunapata kama megawati 6 tu. Kituo cha umeme cha Ruzizi ya kwanza, kilichojengwa mwishoni mwa miaka ya 1950, kina uwezo wa karibu megawati 30. Kuzuia chupa zisifike bwawani kunaweza basi kuokoa umeme mwingi kuliko kuzichoma.

Dhana: Moshi wake ni sawa na ule wa takataka zinazochomwa uani.

Ukweli: Moto wa uani hauna joto la kutosha wala kichujio, na plastiki inapoungua hivyo hutoa dioksini, sumu ambayo watoto wanaocheza karibu huivuta. Sheria za Ulaya zinadai gesi za tanuru zikae kwenye nyuzi 850 za Selsiasi kwa sekunde mbili angalau, kisha zisafishwe kwa chokaa, kaboni na mifuko ya kuchujia. Vifaa hivyo ni ghali sana, na mtambo utakaojengwa bila kuwa navyo, au utakaoviacha vichakae, utaistahili hofu yote ya majirani zake.

Dhana: Baada ya kuchoma hakibaki kitu.

Ukweli: Robo hivi ya uzito hubaki kama majivu. Yale mazito ya chini ya tanuru huweza kutumika katika ujenzi wa barabara yakishapimwa. Yale mepesi yanayonaswa na vichujio yana metali zenye sumu, kwa hiyo hudai shimo lililozibwa lisipitishe maji, mbali na miteremko inayoporomoka na mbali na kila kijito kinachoshuka kwenda ziwa Kivu.