Korosho na soko huria: yanayosemwa na yalivyo

Dhana: Wanunuzi wakiwa wengi, mkulima hupata bei nzuri.

Tanzania ilipowafungulia watu binafsi biashara ya korosho mwanzoni mwa miaka ya 1990, wanunuzi walimiminika Mtwara na Lindi, na uzalishaji uliokuwa umeporomoka ukainuka. Hilo tusilifiche. Tatizo ni kwamba nadharia humchukulia muuzaji kama mtu anayeweza kusema, "Hiyo bei sitaki, nasubiri." Sasa mchukue mkulima wa Tandahimba mwezi wa saba. Mikorosho ndiyo kwanza ina maua, deni la salfa, dawa ya kupulizia mikorosho, linamsubiri, mtoto karudishwa kwa ada. Anatokea mtu wa kangomba, yaani mnunuzi wa mlango wa nyuma asiye rasmi, na noti mkononi. Hana mizani, ana bakuli. Korosho zinauzwa zikiwa bado juu ya mti, na bei ikija kupanda Oktoba, mwenye shamba anaisikia redioni tu. Hapo hata wanunuzi wawe mia, bei inaamuliwa na shida ya muuzaji.

Ndiyo sababu msimu wa 2007/08 ukaingia mfumo wa stakabadhi ghalani: mzigo unapelekwa chama cha msingi cha ushirika, unapimwa, unapangwa daraja, kisha unapigwa mnada. Wapo waliosema ni serikali kurudi kwa mlango wa nyuma. Mimi naona mnada ni soko kuliko bakuli lilivyo soko. (Makato ya njiani ni kilio kingine, na wakulima wana haki ya kulia.)

Dhana: Basi serikali inunue yenyewe, mambo yaishe.

Ilijaribiwa. Oktoba 2018 bei za mnadani zilishuka, wakulima wakagoma kuuza. Novemba Rais Magufuli akatangaza serikali itanunua kwa shilingi 3,300 kwa kilo, na jeshi likapewa kazi ya kusomba mzigo. Bei tamu kweli. Lakini malipo yalichelewa, wenye zaidi ya kilo 1,500 wakatakiwa kuonyesha mashamba yao ili wahakikiwe, na mwaka 2019 ukaingia maghala yakiwa yamejaa. Serikali ilikuwa na uwezo wa kupanga bei ya kununulia. Ya kuuzia iliwategemea wanunuzi wa India na Vietnam.

Dhana: Ushuru wa korosho ghafi ukipunguzwa, faida inamfikia mkulima.

Ng'ambo ya Ruvuma wanalijua hili. Miaka ya 1990 Benki ya Dunia iliibana Msumbiji ipunguze ushuru wa kuuza korosho ghafi nje, kwa hoja kwamba viwanda vya ndani vinalindwa kwa jasho la mkulima. Hoja haikuwa ya kijinga. Ila mnunuzi mkubwa wa ghafi huko nje alikuwa mmoja tu, India, na sehemu kubwa ya nyongeza ya bei ilibaki mikononi mwa wafanyabiashara wa kati. Mkulima akapata chenji. Viwanda vikafungwa, maelfu ya wabanguaji wakarudi nyumbani. Kwenye hesabu za wachumi, watu hao walikuwa wahamie kazi nyingine. Nchi ilikuwa imetoka vitani mwaka 1992, na kazi hizo nyingine hazikuwepo.