Uliza simu ya mezani inakula wati ngapi ikiwa kimya

Majuzi niliitwa na ofisi moja inayojiandaa kuhama jengo. Simu za mezani 200 zilikuwa zimeshachaguliwa, bei imeshakubaliwa, na kilichobaki ni mimi kutia sahihi mahali palipoandikwa kwamba vifaa hivi vinatunza mazingira. Ushahidi wenyewe ulikuwa jani la kijani lililochapwa kwenye boksi. Nikaomba karatasi ya vipimo. Mstari wa umeme ulikuwa na namba moja tu, ya matumizi ya juu kabisa: kioo kinawaka kwa nguvu zote, spika iko wazi, na kila kinachoweza kuchomekwa kimechomekwa. Nikarudisha kalamu mfukoni.

Namba ya juu humfaa fundi anayepanga nyaya na swichi za mtandao, yale maboksi yanayounganisha simu na kompyuta. Anayetaka kujua simu itakula umeme kiasi gani kwa mwaka haimwambii kitu, maana maisha ya simu ya mezani ni kusubiri. Wiki ina saa 168. Ofisi inayofungua saa 10 kwa siku, siku 5, ina watu ndani kwa saa 50. Saa 118 zilizobaki, kama asilimia 70 ya wiki, simu inakesha peke yake gizani. Na hata katika zile saa 50, mkono wa simu hukaa mahali pake muda mrefu kuliko unavyokaa sikioni.

Simu za zamani za waya mbili hazikuwa na shida hii. Zilipata umeme wake, volti 48, kutoka kituo cha simu kupitia waya uleule wa sauti, na ukishaweka mkono chini matumizi yalikuwa karibu na sifuri. Simu ya IP, inayopitisha sauti kwenye mtandao wa kompyuta, ni kompyuta iliyovaa umbo la simu. Ina prosesa, memori, kioo na porti, yaani matundu ya kuchomekea kebo za mtandao, na haiwezi kulala fofofo kwa sababu kila baada ya muda lazima ijiripoti kwenye seva, kompyuta kuu inayounganisha simu, kwamba ipo. Isipojiripoti, anayekupigia hakupati.

Sasa tupige hesabu. Mwaka una saa 8,760, kwa hiyo kila wati 1 isiyolala hutafuna kilowati-saa 8.76. Chukua simu mbili, moja inakula wati 3 ikiwa kimya, nyingine wati 6. Ukizitazama mezani huoni tofauti. Zidisha kwa simu 200: pengo ni wati 600 usiku na mchana, kilowati-saa 5,256 kwa mwaka. Hapo bado hujagusa umeme unaopotea ndani ya swichi, wala ule wa kiyoyozi kinachohangaika kulitoa joto lake kwenye chumba cha seva. Zile wati 3 na 6 sikuziokota njiani. Simu ndogo ya kioo cha rangi moja, kwa nilizopima, hukaa kwenye wati 2 au 3 ikiwa kimya; zile za kioo kikubwa cha kugusa hupanda hadi 5, 6 na kuendelea.

Pima mwenyewe

Omba sampuli mbili tatu kabla ya kulipa. Isajili simu kwenye seva kama itakavyotumika, chomeka kompyuta nyuma yake, iache nusu saa bila kuigusa, kisha soma. Kama inatumia adapta ya ukutani, kipima umeme cha kuchomeka kwenye soketi kinatosha. Kama inapata umeme kupitia kebo ya mtandao, yaani PoE, ingia kwenye mipangilio ya swichi. Swichi nyingi zinazosimamiwa zitakuonyesha wati za kila porti. Kumbuka tu kwamba swichi inasema inachokitoa kwenye porti. Ilichokivuta chenyewe kutoka ukutani ili kukitoa hicho ni kikubwa zaidi.

Usisahau ile kompyuta iliyochomekwa nyuma. Porti ya pili ikiwa hai matumizi yanapanda, na watengenezaji wengi hupima bila kuichomekea chochote. Sina neno baya juu yao, kila muuzaji huanika upande wa nguo usio na kiraka, lakini wewe pima ikiwa imechomekwa.

Daraja la PoE linaamua swichi yako

Hapa ndipo ninapoona fedha nyingi zikimwagika bila mtu kujua. Kiwango cha kwanza cha PoE, IEEE 802.3af cha mwaka 2003, kinairuhusu swichi kutoa hadi wati 15.4 kwa kila porti, na simu ihesabu kupata wati 12.95. Tofauti hiyo imeachwa kwa ajili ya umeme unaogeuka joto ndani ya kebo ndefu, hadi mita 100. Simu ikichomekwa, kabla haijawaka, hutaja daraja lake. Daraja la 1 linaahidi kutozidi wati 3.84, daraja la 2 wati 6.49, daraja la 3 ndiyo hizo 12.95. Swichi nayo inatenga akiba: wati 4, 7 au 15.4.

Tuseme una swichi ya porti 48 na kila porti ina simu ya daraja la 3. Swichi inatakiwa kuwa tayari kutoa wati 739, hata kama simu hizo zikiwa kimya zinakula wati 4 tu kila moja. Simu zilezile zingekuwa daraja la 2, akiba ingeshuka hadi 336. Sokoni hizo ni swichi mbili tofauti kabisa, na ile kubwa inakuja na pawasaplai nzito, feni zaidi na UPS, betri ya akiba umeme ukikatika, ya kuifuata.

Mtu ataniambia akiba si matumizi, na ni kweli. Swichi iliyotenga wati 739 haizichomi zote. Lakini pawasaplai kubwa iliyobebeshwa mzigo mdogo kwa kawaida hufanya kazi kwa ufanisi mbovu, mfano wa lori lililotumwa kuleta mkate. Na vyuma, shaba na saketi vilivyotumika kuitengeneza vimeshatumika, utumie wati moja au mia saba.

Dawa ya nusu ipo. Simu nyingi na swichi nyingi zinaongea lugha ya LLDP, ambayo simu huitumia kusema baada ya kuwaka kwamba inahitaji wati kadhaa tu, na swichi ikaachia zilizobaki. Hakikisha pande zote mbili zinaijua na kwamba imewashwa. Hata hivyo mimi huanza na daraja, kwa sababu daraja halihitaji mtu wa kulikumbuka.

Vivyo hivyo kwa usingizi wa mtandao. IEEE 802.3az, kiwango cha mwaka 2010, kinaziruhusu porti kusinzia kati ya pakiti moja ya data na nyingine badala ya kupiga kelele muda wote kwenye waya mtupu. Kinadai pande zote mbili. Simu inayojua kusinzia ikiunganishwa na swichi isiyojua, zote mbili zinakesha. Nimeona zabuni inayodai kipengele hiki kwenye simu, na ofisi yenyewe ina swichi zilizotengenezwa kabla hakijaandikwa.

Kuhusu kasi ya gigabiti: porti ya gigabiti inakula zaidi kuliko ya megabiti 100, na sauti ya simu haihitaji hata robo ya megabiti moja. Lakini kama kompyuta inapita nyuma ya simu, usibane hapo. Watu watalalamika mtandao ni wa polepole, mtavuta kebo ya pili kwa kila meza, na porti ya pili kwenye swichi itakula kuliko mlichookoa.

Nembo ya kampuni kwenye kioo

Kuna ofisi niliyopima simu zake nikakuta zinakula karibu mara mbili ya nilivyotarajia. Nilihangaika na programu endeshi, nikabadilisha kebo, nikashuku swichi. Usiku nilipopita kuchukua begi langu nikaona ukumbi mzima umejaa miraba myeupe inayong'aa. Mtu wa masoko alikuwa ameomba nembo ya kampuni ionekane kwenye kila simu isipotumika, na nembo haionekani bila mwanga wa kioo. Simu zililipa kodi ya matangazo kwa walinzi wawili na paka.

Tulibadilisha mstari mmoja kwenye faili la mipangilio, mwanga uzime baada ya dakika 5, na kila simu ikausoma ilipojiwasha upya. Hakuna kifaa kilichonunuliwa. Ndiyo maana kwenye sampuli huwa naangalia pia kama mwanga unaweza kuzimwa kabisa. Zipo simu zinazoufifisha tu.

Hatua inayofuata ni kukata umeme wenyewe usiku kwa ratiba ya swichi. Simu 200 za wati 3, zikizimwa zile saa 118 za kila wiki, zinaokoa kama kilowati-saa 3,680 kwa mwaka. Mara ya kwanza kufanya hivi nilijipongeza mapema. Asubuhi ya tatu kitengo cha TEHAMA kikanipigia: kompyuta hazikupokea masasisho ya usiku. Zilikuwa zinapata mtandao kupitia simu, na simu nilikuwa nimezikata roho. Pia simu zote ziliamka dakika moja, zikakimbilia seva kudai mipangilio yake, seva ikazidiwa. Siku hizi naamsha kwa mafungu, kila fungu nyuma ya jingine kwa dakika chache, na nazima tu porti zisizo na kompyuta nyuma: vyumba vya mikutano, korido, madawati ya wageni. Simu ya mlinzi, ya mapokezi na yoyote ambayo mtu angeikimbilia moto ukiwaka haiingii kwenye ratiba kamwe. Hapo sibishani kuhusu wati.

Simu nzima inayotupwa

Umeme ni nusu ya habari. Mwaka 2022 dunia ilizalisha tani milioni 62 za taka za kielektroniki, na zilizorekodiwa kukusanywa na kurejelezwa inavyostahili zilikuwa asilimia 22.3. Simu za mezani ni chembe ndani ya rundo hilo, ila ni chembe inayotia uchungu, kwa sababu nyingi huenda jalalani zikiwa nzima. Nimesimama kwenye stoo yenye maboksi ya simu zinazowaka vizuri, vitufe vyote vinabonyezeka, zimekufa kwa sababu mkataba na mtoa huduma uliisha na programu yake imefungwa isikubali seva nyingine.

Kwa hiyo swali langu la pili, baada ya wati za ukimya, ni kama simu inaongea SIP ya wazi, lugha ya pamoja ya simu na seva iliyowekwa sanifu kwenye waraka wa RFC 3261 mwaka 2002, na kama itafunguliwa siku tukiachana na mtoa huduma. Nataka hilo liandikwe kwenye mkataba. La tatu ni tarehe ya mwisho ya masasisho ya usalama. Simu isiyosasishwa itafika siku ambayo seva haikubali tena usimbaji wake wa zamani, au vyeti vya kidijitali ilivyozaliwa navyo vimekwisha muda, na hapo itakataa kujisajili ingawa haina hata mkwaruzo. Muuzaji akijibu "kwa miaka mingi", mwombe tarehe.

Cha kwanza kuharibika kwenye simu ni ule waya wa msokoto, halafu mkono wenyewe unaodondoshwa. Uliza kama vinauzwa peke yake. Na kama mnatumia PoE, agizeni simu bila adapta. Nimewahi kukuta kabati zima la adapta ambazo hazijatolewa kwenye nailoni zake.

Plastiki iliyorejelezwa ni jambo jema, nalitazama mwishoni, kati ya simu mbili zilizolingana kwa hayo mengine. Alama ya RoHS sihesabu kama sifa. Ni sheria ya Umoja wa Ulaya iliyoanza kufanya kazi Julai 2006 kuzuia risasi, zebaki, kadmiamu na wenzake kwenye vifaa vya umeme. Kujisifu nayo ni kama dereva kujisifu kwamba ana leseni.

Nikairudia ile ofisi ya simu 200. Nilimwomba meneja atoe kumbukumbu za simu za miezi mitatu kutoka kwenye seva. Zaidi ya nusu ya meza zilikuwa hazijapiga wala kupokea chochote kwa simu ya mezani. Wenyewe walikuwa wanatumia programu ya simu kwenye kompyuta na hedseti. Hao hawakuhitaji kifaa kipya, mradi asiyekuwepo asiache kompyuta inawaka usiku kucha eti apokee simu, maana kompyuta iliyo macho inakula kuliko simu kadhaa.

Orodha ilirudi ikiwa na simu 76, karibu zote za daraja la 1, na swichi ndogo kuliko zile zilizokuwa zimeagizwa. Boksi lake halina jani. Nimetia sahihi. Sasa wananiuliza zile 140 za zamani walizozishusha kwenye stoo wazipeleke wapi, nami nimewaambia wasizipeleke popote kwanza: Jumatatu nakuja na seva ndogo ya majaribio, nione ngapi zinakubali kujisajili.