Anna wa Garbo alikufa, na hakufa

Jamani, hili tulimalize. Kila tukionyesha Love ya 1927, sinema bubu ya Edmund Goulding iliyotokana na Anna Karenina, riwaya ya Mrusi Leo Tolstoy kuhusu mke wa mtu anayempenda mwanajeshi Vronsky na mwishowe kujiua kwa treni, hakosi mtu wa kudai kwamba Hollywood ilimwogopa Tolstoy ikamwokoa Anna na treni. Si kweli. Studio ya MGM ilitengeneza miisho miwili. Katika mmoja Greta Garbo, anayeigiza Anna, anajitupa relini kama riwaya inavyosema. Katika wa pili mumewe anafariki, miaka 3 inapita, naye anakutana tena na Vronsky, anayeigizwa na John Gilbert, kwenye shule ya kijeshi anakosoma mwanawe. Ulaya ilipelekewa kifo. Marekani wenye majumba ya sinema waliachiwa wachague.

Linaloniudhi zaidi ni dhana iliyojificha nyuma ya dai hilo, kwamba sinema bubu ilikuwa kitu kimoja kisichobadilika. Wapi! Studio kubwa za enzi hizo zilikuwa na desturi ya kuweka kamera mbili bega kwa bega: negativu (filamu asilia ya kuchapishia nakala) moja ya nyumbani, nyingine ya ng'ambo. Hata tukio lilelile basi halifanani kabisa. Pembe imesogea, au limechukuliwa jaribio jingine la mwigizaji. Vibao vya maandishi, vinavyotokea kati ya picha kueleza maneno ya wahusika, vilikatwa, vikaungwa vingine kwa lugha ya nchi husika, na mfasiri ndiye aliyepima ukali wa maneno. Wakaguzi wa serikali nao walikuwa na mikasi yao. Muziki ulitegemea ukumbi: huku okestra nzima, kule mpiga piano mmoja. Kwa hiyo anayeniambia "nimeiona", namuuliza: nakala ipi?

Ipi ndiyo halisi? Hapo sina jibu ninaloweza kulitetea. Tunaupa heshima mwisho wa treni kwa kuwa Tolstoy ndiye aliyeuandika, lakini hicho ni kipimo cha riwaya. Filamu yenyewe imeegemea kwa mtoto kuliko wengi wanavyokumbuka. Mtazame Garbo anapomjia Seryozha, mwanawe Anna, siku ya kuzaliwa ya mtoto huyo: mapenzi anayommiminia hayapungui hata chembe yale anayompa Vronsky. Baada ya hapo, kuwakutanisha wapenzi shuleni kwa mtoto si uongo wa kubandika. Mwisho huo umeandaliwa.

Sisi huonyesha miisho yote miwili, treni kwanza.