Kinamasi na mashamba ya miwa ya Louisiana kwa siku moja: dhana potofu na ukweli

Mgeni akifika New Orleans, kusini mwa Marekani, hakosi kuuziwa safari ya siku moja yenye mambo mawili: boti kinamasini kutazama mamba, kisha jumba la kale la shamba kubwa kando ya Mto Mississippi. Safari yenyewe ni nzuri. Tatizo ni kwamba wengi hupanda basi wakiwa na picha waliyoipata kwenye sinema, wakarudi na picha za mamba na nguzo nyeupe bila kuelewa walichokiona.

"Yale yalikuwa mashamba ya pamba"

Pamba ililimwa kaskazini zaidi. Kwenye kingo za mto kati ya New Orleans na Baton Rouge, ambako ndiko mabasi ya watalii huenda, zao lilikuwa miwa, na kabla ya miwa ilikuwa nili, mmea wa kutengenezea rangi ya buluu. Mwaka 1795 Étienne de Boré alifaulu kugandisha sukari ya punje kwa kiasi cha kuuza, na baada ya hapo wenye mashamba wakaikimbilia miwa.

Tofauti hii si ndogo, kwa sababu miwa iliua watu kwa namna yake. Louisiana hupata jalidi, yaani baridi inayogandisha umande, na muwa uliopigwa na jalidi huchachuka na kutoa sukari mbovu. Kwa hiyo mavuno yote yalibanwa kati ya Oktoba na mwisho wa mwaka, na kinu hakikuzimwa usiku wala mchana. Juisi ilichemshwa katika masufuria ya chuma yaliyopangwa mstari mmoja juu ya tanuri, kutoka kubwa hadi dogo, na watumwa waliihamisha kwa upawa mrefu kadiri ilivyozidi kuwa nzito. Aliyeteleza aliungua. Aliyesinzia akilisha miwa kwenye vyuma vya kusagia alipoteza mkono. Masufuria hayo utayakuta leo yamewekwa bustanini yakiwa na maji au maua. Simama mbele yake ukijua yalikuwa ya nini.

Aliyebadilisha kazi hiyo ni Norbert Rillieux, mhandisi aliyezaliwa New Orleans mwaka 1806 na mama mwenye asili ya Afrika. Katika miaka ya 1840 alisajili hataza ya mtambo ambamo mvuke wa chombo cha kwanza huchemsha cha pili, na wa pili huchemsha cha tatu, katika hewa iliyopunguzwa. Hakuna tena mtu wa kuteka juisi ya moto kwa upawa, na kuni zinapungua sana. Kanuni hiyo ndiyo inayoendesha viwanda vya sukari ya miwa hadi leo, vya Afrika Mashariki vikiwemo.

"Kinamasi ni jambo moja na shamba ni jingine, makampuni ndiyo yameviunganisha"

Hili ndilo kosa kubwa kuliko yote. Mississippi unapofurika hudondosha mchanga mzito karibu na ukingo na kupeleka tope jepesi mbali. Matokeo yake ardhi iliyo juu kabisa ni ile ya kando ya mto, na kadiri unavyouacha mto ndivyo unavyoteremka, mpaka unafika kwenye maji. Wafaransa waliigawa ardhi hiyo kwa vipande vyembamba na virefu vinavyoanzia mtoni na kuingia ndani, mara nyingi kilomita 2 na zaidi. Jumba lilikaa mbele likitazama mto, kwa kuwa mto ndio uliokuwa barabara. Nyuma yake vibanda vya watumwa, kisha kinu, kisha miwa, na mwisho wa kipande ni kinamasi.

Kinamasi kilikuwa stoo ya shamba. Huko ndiko kulikotoka mbao za misipresi, miti mikubwa ya kinamasini, zisizooza upesi, na kuni za kulisha tanuri la sukari. Mifereji ya kutoa maji na matuta ya kuzuia mafuriko vilichimbwa na kuinuliwa kwa mikono ya watumwa.

Kinamasi kilikuwa pia kimbilio la watumwa waliotoroka. Sisi tuna neno lake tayari: watoro. Kama ambavyo watoro wa pwani ya Kenya walijijengea makazi Fuladoyo, nyuma ya Malindi, ndivyo watoro wa Louisiana walivyoishi kati ya misipresi, wakilima vishamba, wakivua, na hata kukata magogo na kuyauza kwa wenye viwanda vya mbao. Kiongozi wao aliyejulikana zaidi, Juan San Malo, alikamatwa na kunyongwa New Orleans tarehe 19 Juni 1784. Ukiwa ndani ya boti, muulize mwongozaji habari za watoro. Jibu lake litakuonyesha kama anaijua nchi anayokupitisha au anajua kurusha chambo tu.

"Jumba ndilo la kutazama, mengine ni nyongeza"

Mashamba matatu hutajwa sana kwenye matangazo, na hayafanani hata kidogo. Kuchagua lipi ni uamuzi mzito kuliko kuchagua kampuni.

Oak Alley, Vacherie, ndilo lenye picha maarufu: mialoni 28 katika safu mbili zenye urefu wa mita 240 hivi. Wengi hudhani mialoni ilipandwa kupamba jumba. Ilitangulia, jumba lilikamilika mwaka 1839. Vibanda vya watumwa vilivyopo vimejengwa upya, na ndani yake kuna maelezo mazuri. Humo utakutana na Antoine, mtumwa mtunza bustani, ambaye mwaka 1846 alifanikiwa kubebesha mipikani, miti ya njugu za pikani, na kupata aina yenye ganda jembamba. Njugu zake zilipelekwa kwenye maonyesho ya Philadelphia ya mwaka 1876, na aina hiyo ikaitwa Centennial. Mkulima yeyote aliyewahi kubebesha miembe anajua ustadi ulio ndani ya jambo hilo.

Laura, jirani tu, ni nyumba ya mwaka 1805 ya Kikreoli, yaani ya wenyeji wa Louisiana wenye utamaduni wa Kifaransa: imeinuliwa kutoka ardhini, imepakwa rangi kali, na haina nguzo kubwa nyeupe. Wanaotaka jumba la sinema huiona ya kawaida, nao hukosea. Ina vibanda vya asili vya watumwa, na inaeleza wanawake walioendesha biashara kwa Kifaransa muda mrefu baada ya Marekani kuinunua Louisiana mwaka 1803. Katika miaka ya 1870 msomi Alcée Fortier alisikiliza hapo hadithi za Compair Lapin, sungura mdogo anayewashinda wakubwa kwa akili. Hadithi hizo zina mizizi Senegambia, eneo la Senegal na Gambia, lakini msomaji wa Kiswahili atamtambua Sungura kabla mwongozaji hajamaliza sentensi ya kwanza.

Whitney, karibu na kijiji cha Wallace, lilifunguliwa kama makumbusho Desemba 2014 na linazungumzia utumwa kwa upande wa waliotumikishwa. Ukumbusho mmoja una majina ya watoto wapatao 2,200 waliofia wilaya hiyo wakiwa watumwa. Mwingine una majina 107,000 kutoka kumbukumbu za Louisiana zilizokusanywa na mwanahistoria Gwendolyn Midlo Hall. Pia kuna ukumbusho wa uasi wa Januari 1811, ulioongozwa na Charles Deslondes, ambapo mamia ya watumwa walitembea kando ya mto kuelekea New Orleans. Ukiwa na nafasi ya shamba moja tu, nenda Whitney. Kama mnasafiri na watoto wadogo, waandaeni kabla, maana mambo mengine huko yanaonyeshwa wazi.

"Historia hiyo ni ya Afrika Magharibi, haituhusu"

Wengi walitoka Senegambia, na baadaye Kongo, hilo ni kweli. Lakini katika kumbukumbu za Louisiana wamo watu walioandikwa "Makwa", yaani Wamakua, ndugu wa hao hao waishio kaskazini mwa Msumbiji na Masasi. Ukiwa Whitney, tembea polepole mbele ya kuta zenye majina hayo.

"Mamba ni yule yule wa Rufiji"

Siye. Wa Louisiana ana pua pana ya mviringo, ni mweusi zaidi, na akifumba mdomo jino la nne la chini halionekani. Mamba wa Mto Nile ana pua nyembamba na jino hilo hujitokeza. Wa Louisiana ni mpole zaidi kwa binadamu, lakini upole huo usikudanganye: mkono usitoke nje ya boti, hata kwa ajili ya picha.

Na asikwambie mtu kwamba wako hatarini kutoweka. Waliwahi kuwa hivyo. Jimbo lilisimamisha uwindaji mwaka 1962, serikali kuu ikawaweka kwenye orodha ya hatari mwaka 1967, na wakaondolewa mwaka 1987 baada ya kuongezeka. Leo wafugaji hulipa wenye ardhi kwa mayai wanayookota na hurudisha sehemu ya mamba wachanga porini, hivyo mwenye kinamasi ana sababu ya kutokikausha.

"Mamba huonekana mwaka mzima"

Ni mnyama wa damu baridi. Joto likishuka chini ya nyuzi 21 za Selsiasi hamu ya kula hupungua. Chini ya nyuzi 13 hutulia shimoni au chini ya maji. Utabiri wa Marekani huandikwa kwa Farenhaiti, kwa hiyo kumbuka namba mbili: 70 na 55. Kati ya Desemba na Februari unaweza kulipa nauli kamili na usimwone hata mmoja, isipokuwa siku ya jua. Aprili hadi Juni ndiyo miezi mizuri: madume huunguruma, majike huanza kujenga viota, na joto halijawa la kuchosha. Wadogo hutoka kwenye mayai mwishoni mwa Agosti na Septemba.

Miezi ya baridi ina faida yake. Misipresi ya huko hupukutisha majani, kwa hiyo bundi, korongo na koikoi huonekana vizuri zaidi.

"Boti ya kasi ndiyo bora"

Boti ya pangaboi husukumwa na feni kubwa nyuma, haina rafadha majini, na hupita hata juu ya nyasi. Ina kelele kiasi kwamba abiria huvalishwa viziba masikio, na ndege huruka kabla hujafika. Haina breki wala gia ya kurudi nyuma. Anayetaka msisimko atafurahi. Anayetaka wanyama achukue boti bapa ndogo, au ile kubwa yenye paa kama ana wazee au watoto. Ndani ya hifadhi ya taifa ya Barataria boti za pangaboi haziruhusiwi, wala kulisha wanyama. Kwingine waongozaji hurusha peremende laini za sukari ili mamba wasogee. Mamba aliyezoea hivyo huanza kuona kila boti ni chakula. Chagua kampuni isiyolisha.

"Zile nyuzi za kijivu mtini ni kuvu inayoua mti"

Hapana, ni mmea wa jamii ya nanasi. Unajining'iniza tu na kunywa unyevu wa hewani. Kinachoua njia za maji ni kingine, nacho tunakijua kwa uchungu: magugu maji, yale yale ya Ziwa Victoria, yaliyoletwa Louisiana kutoka Amerika Kusini mwishoni mwa karne ya 19. Pamoja nayo kuna nutria, panya mkubwa wa majini mwenye meno ya rangi ya chungwa, anayetafuna mizizi ya nyasi hadi tope linasombwa. Jimbo hulipa wawindaji kwa kila mkia.

"Siku moja inatosha bila haraka"

Inatosha ukipiga hesabu ya njia. Honey Island, penye kinamasi kinachotangazwa sana, iko mashariki ya New Orleans. Vacherie na Wallace ziko magharibi. Ukiunganisha hizo mbili, saa 3 na zaidi zitaishia ndani ya basi. Omba kinamasi cha upande wa Barataria au cha Manchac, karibu na LaPlace, ambacho kiko njiani kuelekea mashamba.

Kabla ya kulipa, uliza: boti inaondokea wapi, shamba ni lipi kwa jina, tutakaa hapo kwa muda gani, na chakula kimo? Chini ya saa 2 shambani ni kidogo. Chakula mara nyingi hakimo. Basi huanza kuokota watu hotelini saa 2 au 3 asubuhi na kurudi saa 11 jioni hivi. Boti iwe asubuhi katika miezi ya joto, maana mchana huja radi, na radi husimamisha boti.

Beba maji lita 1.5 kwa kila mtu, kofia, koti jepesi la mvua na viatu vilivyofunika vidole. Paka mafuta ya jua kwanza, yakikauka ndipo upake dawa ya mbu. Ukisimama kwenye nyasi za shambani angalia chini: vichuguu vidogo vya udongo laini ni vya sisimizi wekundu, na kuumwa kwao huacha malengelenge kwa siku kadhaa. Msimu wa vimbunga ni Juni 1 hadi Novemba 30. Kimbunga Ida cha Agosti 29, 2021 kiliharibu majengo ya Whitney, kwa hiyo ukisafiri miezi hiyo soma masharti ya kurudishiwa fedha kabla ya kuweka namba ya kadi. Bakshishi ya dereva na ya nahodha hutolewa mbali mbali, kwa noti taslimu, wakati wa kushuka.