Mahakama ya ngazi ya juu ikikataa kufuta kesi, imesema nini hasa?

Redio ikitangaza kwamba ombi la mshtakiwa kutaka kesi yake ifutwe limetupwa, stejini kwa bodaboda hukumu huwa imeshatoka: "Basi huyo ana hatia." Pole pole, jamani. Jaji aliyelitupa ombi hilo hajasikiliza shahidi hata mmoja. Hakuulizwa nani aliiba. Aliulizwa kama hakimu wa chini azuiwe kuendelea. Akisema asizuiwe, mshtakiwa anarudi mahakama ya hakimu, Buganda Road au Nakawa hapa Kampala, akiwa bado hana hatia, kama Ibara ya 28 ya Katiba ya Uganda ya 1995 inavyomhesabu, na mzigo wa kuthibitisha unabaki kwa upande wa mashtaka.

"Mashahidi wao ni waongo, kwa hiyo kesi ifutwe." Dai hili la waombaji ndilo linalorudishwa mlangoni mara nyingi zaidi. Mwongo huumbuliwa kwa kuhojiwa mbele ya hakimu anayemwona uso. Haumbuliwi kwa hati za kiapo zilizopangwa kwenye jalada. Tena mahakama hiyo hiyo ya chini ina njia yake ya kumtoa mtu: upande wa mashtaka ukishamaliza ushahidi wake, hakimu huamua kama mshtakiwa ana kesi ya kujibu. Kama hana, anaachiwa papo hapo bila kufungua mdomo. Mawakili wanalijua hilo, ila ombi jipya nalo lina ada yake.

"Ugomvi wa kibanja, yaani kipande cha ardhi, ni wa madai, polisi wasiingie." Wanaweza kuingia. Aliyeghushi hati ya ardhi amemdhulumu mwenye ardhi na pia ametenda kosa la jinai. Kesi mbili zinaweza kutoka kwenye jambo moja. Mahakama hushtuka pale tu mashtaka yanapogeuzwa fimbo ya kudai deni au kumtisha mtu aachie kiwanja, na mwombaji ndiye anayepaswa kulionyesha hilo.

"Ukifika Mahakama ya Katiba, kesi ya chini inasimama yenyewe." Haisimami mpaka itolewe amri ya kuisimamisha. Halafu mahakama hiyo kazi yake chini ya Ibara ya 137 ni kuifasiri Katiba. Mtu anayelalamika tu kwamba haki yake imevunjwa, bila swali la tafsiri, huelekezwa Mahakama Kuu kupitia Ibara ya 50. Maombi mengi huishia hapo: mlango haukuwa wake.

Kwa upande wa pili wapo wanaoapa kwamba majaji wetu hawafuti kesi kamwe. Wamesahau. Novemba 2005 watu wenye silaha waliizingira Mahakama Kuu Kampala, washtakiwa wenza wa mwanasiasa wa upinzani Kizza Besigye katika kesi ya uhaini walipokuwa wakipewa dhamana, na Machi 2007 vyombo vya usalama vikaivamia tena. Oktoba 2010 Mahakama ya Katiba ikasema kesi ile ya uhaini haiwezi kuendelea. Swali la kama uhaini ulitendwa halikujibiwa. Serikali ilikuwa imechafua uwanja wa haki kiasi kwamba mchezo usingeweza kuchezwa. Sheria ya utekelezaji wa haki za binadamu ya 2019 nayo inaagiza kesi itamkwe batili endapo haki zisizoguswa kabisa, kama ile ya kutoteswa, zimevunjwa.

Kesi ikisimamishwa, je, imekwisha? Si lazima. Tarehe 31 Januari 2025, katika shauri la Michael Kabaziguruka, mbunge wa zamani, Mahakama ya Juu (Supreme Court) ilisema raia hawapaswi kuhukumiwa na mahakama za kijeshi. Ndugu wengi wa mahabusu walisherehekea wakidhani watu wao wanarudi nyumbani. Amri ilikuwa majalada yahamishiwe mahakama za kiraia.

Na Thomas Kwoyelo, kamanda wa zamani wa kundi la waasi la LRA, aliziona sura zote mbili. Septemba 2011 Mahakama ya Katiba iliamuru kesi yake ikome kwa kuwa alistahili msamaha uliotolewa kwa waasi. Hakutoka gerezani. Aprili 2015 Mahakama ya Juu ikautengua uamuzi huo, kesi ikafufuka, na Oktoba 2024 akafungwa miaka 40.